Faili Iliyolala Zizi Lisilo Lake

Mgambo Marko alifunga grili kwa nje, akaning'iniza ufunguo shingoni, kisha akasema kwa upole wa mtu anayefungia kuku, "Ni kwa usalama wenu, afande."

"Usalama wetu na nani?" aliuliza Sajenti Limi Shimba kutoka ndani.

Marko alitazama kushoto, walikokaa wapakiaji wa lori na fito zao za kusukumia ng'ombe. Akatazama kulia, walikosimama ndugu wa Kakuta, mtuhumiwa aliyekuwa ndani, shuka begani, marungu mkononi.

"Na hawa, na wale," alisema. "Nikifungua, upande mmoja utaingia kumtoa mtu wake, na upande mwingine utaingia kuzuia. Mkimaliza pigeni hodi."

"Hodi hupigwa na aliye nje, Marko."

"Basi leo dunia imegeuka, afande."

Ofisi ya mnada wa mifugo, nje kidogo ya mji wa Mikumi, ilikuwa chumba kimoja chini ya bati lisilo na dari. Jua la alasiri lilikaa juu ya bati hilo kama mpangaji asiyetaka kuhama. Dirisha lilikuwa moja, lina nondo. Ndani walikuwa watu watano na kompyuta moja, na kompyuta peke yake ndiyo iliyokuwa na feni.

Limi alikuwa mpelelezi wa polisi Kilosa, aliyesomea makosa ya mitandao. Wenzake walidhani kazi yake ni kurudisha nywila za simu zao. Alikuja Mikumi jana yake. Usiku ule ule maji yakaikata barabara nyuma yake, na gari la askari wa kumwongezea nguvu likabaki ng'ambo likioshwa na mvua.

Alimwendea kwanza mzee aliyefungwa pingu kwenye mguu wa meza. "Shikamoo, baba."

"Marahaba, mwanangu," alijibu Kakuta Meitamei, mfugaji wa Mvumi.

Kutoka kwenye benchi kilisikika kicheko. Alikuwa Evance, mfanyabiashara wa ng'ombe kutoka Ruaha, mwenye kofia pana na sauti pana zaidi. "Siku hizi wezi wanaamkiwa?"

"Wanaamkiwa wakubwa. Na wewe shikamoo."

"Marahaba."

"Unaona? Imekufikia bila ubaguzi."

Kesi yenyewe ilikuwa nyepesi kuisimulia. Alhamisi, Evance aliripoti kituoni kwamba ameibiwa ng'ombe, akataja namba za hereni zao. Jumamosi, Kakuta alileta ng'ombe wake mnadani. Karani wa mnada, Ditram, akapitisha fimbo ya kusomea kwenye masikio yao, zile hereni za kielektroniki zikasomwa, na kompyuta ikasema ng'ombe baada ya ng'ombe: mali ya Evance, Ruaha. Kakuta alikamatwa akiwa bado ameshika mkia wa ng'ombe wa mwisho.

Simu ya Limi iliita. Alikuwa mkuu wa kituo.

"Sajenti, umepata kitu?"

"Nimepata jasho, afande."

"Nakupa mpaka saa kumi. Kama huna kitu, karani achape kibali cha kusafirisha, lori liondoke na ng'ombe wapelekwe Dar. Huyo mzee atafikishwa mahakamani barabara ikifunguka. Siwezi kulinda makundi mawili kwa mgambo mmoja."

"Wakifika machinjioni, afande, hereni zitakuwa kwenye pipa na ushahidi kwenye supu."

"Saa kumi," alisema mkuu, akakata.

Kakuta alikuwa amesikia yote. "Watoto wangu wanakula kwa ng'ombe wale," alisema. "Wakiondoka, hata nikishinda kesi nitarudi kwenye zizi tupu."

Limi alivuta kiti mbele ya kompyuta. Kabla ya kugusa chochote alinakili kila kitu kwenye diski yake, kwa sababu mpelelezi anayechokonoa mashine bila kunakili ni sawa na askari anayefuta nyayo za mwizi kwa buti zake mwenyewe. Kisha akafungua folda, na safu za majina zikaanza kuteremka kwenye skrini.

"Unatafuta nini humo?" Kakuta aliuliza.

"Namtafuta aliyeifundisha mashine kusoma masikio ya ng'ombe."

Irine, fundi wa kompyuta mwenye duka la stesheneri Mabwerebwere, aliyeitwa kwa kuwa ndiye huihudumia mashine ile, aliinua kichwa. Alikuwa amekaa pembeni amekumbatia mkoba wake tangu asubuhi. "Afande anatafuta faili za DLL," alisema. "Maktaba za pamoja."

"Mfafanulie mzee."

"Baba, programu haijui kila kitu. Inaazima. Kuna faili inayojua kuzungumza na printa, kuna inayojua tarehe, kuna inayojua kusoma hereni. Programu ya mnada inaazima hapo, programu ya chanjo inaazima hapo hapo. Faili moja, waazimaji wengi."

"Kama kisima," alisema Kakuta.

"Kama kisima," alisema Limi. "Na mtu akitaka kuwaumiza watu wengi kwa mpigo, hazungukii nyumba zao."

Alianza kuzipanga. Hakuanza na majina, maana jina mtu hujipa. Aliangalia mwanzo wa kila faili, zile herufi za kwanza kabisa ambazo mtumiaji wa kawaida hazioni, kwa kuwa faili ya aina hii huanza na M na Z hata ukiipa jina la picha ya pasaka. Kila iliyoanza hivyo alichungulia kama ni programu kamili au ni maktaba tu ya kuazimwa. Halafu akaangalia sahihi ya kidijitali: nani ameitengeneza, na je, imeguswa tangu ilipotoka mkononi mwake?

Fungu la kwanza lilikuwa la zile zilizokuja na mashine yenyewe, zimelala kwenye ghala kuu ambamo programu zote huazima. La pili lilikuwa la zile zilizokuja na programu za mifugo. La tatu la printa na fimbo ya kusomea. Akabakiwa na wageni wawili, akawasogeza kando.

Mgeni wa kwanza alikuwa amejificha kwenye folda ya picha. Aliitwa picha ya harusi.

"Ditram," Limi aliita, "harusi yako ilikuwa nzuri?"

"Sijaoa, afande."

"Nimeona. Bibi harusi ana meno ya programu."

Ditram alikuja, akainama, akacheka kabla hajaulizwa tena. "Aa, afande, hapo umenikamata! Hiyo ni ya gemu la karata. Mkuu wa mnada alikataza magemu, nikaipa jina la picha. Nakiri. Nakiri kabisa. Nichukuliwe hatua."

"Unacheza karata mashine ya umma?" Evance alifoka.

"Siku zisizo na mnada tu, mzee."

Limi aliipima. Ilikuwa kweli ya karata, haikujua lolote kuhusu masikio wala ng'ombe. Ditram alirudi kwenye kiti chake, akalegeza kola, akajipepea kwa faili la kadibodi. Tangu asubuhi alikuwa amebana kola ile kana kwamba yuko usailini. Sasa alikaa kama mtu aliyeshuka basi salama.

Limi aliitazama ile kola kwa muda, kisha akarudi kwenye skrini.

Mgeni wa pili hakuwa na sahihi hata ya kubabaisha, na alikuwa ameingia jana.

"Jana," alisoma kwa sauti. "Jumapili."

Evance aliruka kutoka kwenye benchi. "Jana nani alikuja na flashi? Si huyu binti?"

Kelele zilipenya dirishani. Nje mtu aligonga ukuta kwa rungu, na upande wa pili wakajibu kwa matusi. Marko akapuliza filimbi ambayo hakuna aliyeijali.

"Ni ya printa!" Irine alisema, mkoba ukimdondoka. "Ditram alinipigia mwenyewe Jumamosi jioni, akasema printa haichapi, nije jana. Ni printa ya bei nafuu, faili zake hazina sahihi. Dada, naapa."

"Nywila ya msimamizi tunaijua wawili tu," Ditram alisema taratibu, kwa sauti ya majonzi ya mtu anayesoma tangazo la msiba. "Mimi na yeye. Sipendi kumsema mtu."

"Lakini unajitahidi," Limi alisema. Akamgeukia Evance. "Mzee Evance, Kakuta alikamatwa lini?"

"Jumamosi. Si unajua?"

"Najua. Nataka ujisikie ukisema. Irine ameleta faili jana. Sasa juzi mashine ilidanganywa na faili ambayo bado ilikuwa kwenye basi?"

Evance alirudi kwenye benchi, akakaa.

Irine aliokota mkoba wake. Kwa Kakuta, lakini, hakuna kilichobadilika. Wageni wote wawili walikuwa wasafi, na kwenye mafungu matatu yaliyobaki kila faili ilikuwa na sahihi halali. Limi alizilinganisha na orodha za watengenezaji, moja baada ya nyingine. Halali. Halali. Halali. Kila mlango aliousukuma ulifunguka kwa adabu na kumwonyesha ukuta.

"Afande," Marko aliita dirishani, "wapakiaji wanauliza waanze kupakia?"

"Waambie bado."

"Wanasema bado mpaka lini?"

"Waulize wao walikuwa wanaenda wapi kwa haraka hivyo, mnada si umeisha juzi?"

Lori liliwashwa kule nje, likanguruma, moshi wake ukaingia dirishani na kukaa nao chumbani kama mtu wa sita. Evance alitabasamu. Alimwambia Ditram aandae kibali, saa kumi isije ikawakuta wanatafuta karatasi. Ditram akasogea kwenye printa. Kakuta alivuta mkono wake, pingu ikalia kwenye chuma cha meza, akaacha.

"Baba," Limi alimuuliza, macho yakiwa kwenye skrini, "zizini kwako wanalala ng'ombe wako peke yao?"

"Hapana. Wapo wa rafiki yangu, wapo wa shemeji. Na wangu wapo kwa watu."

"Kwetu pia."

Baba yake Limi alikuwa Msukuma aliyeshuka na mifugo kutoka kanda ya ziwa, akalaza nusu ya kundi kwa marafiki ili ugonjwa ukipiga zizi moja usimalize ukoo. Mtoto wa nyumba ile hujifunza mapema kwamba alama ya ng'ombe inakuambia ametoka kwa nani. Haikuambii kwa nini leo amelala hapa.

Na yeye tangu asubuhi alikuwa akitafuta ng'ombe asiye na alama.

Alivunja mafungu yake yote na kuyapanga upya. Safari hii hakuuliza faili imetengenezwa na nani. Aliuliza inalala wapi, na je, hapo ndipo kwake? Faili za ghala kuu akaziweka peke yake. Za folda ya programu ya chanjo peke yake. Za folda ya programu ya mnada peke yake. Kisha akaiambia mashine imwonyeshe faili yoyote yenye jina moja lakini inayolala sehemu mbili.

Ilitokea moja.

Ilikuwa ile maktaba ya kusoma hereni. Nakala moja ililala ghala kuu, inapopaswa. Nyingine ilikuwa ndani ya folda ya programu ya mnada. Zote mbili zilikuwa na sahihi halali ya mtengenezaji yule yule. Limi akazichukua alama za vidole, zile namba ndefu ambazo faili mbili haziwezi kufanana isipokuwa ni kitu kimoja. Hazikufanana.

"Irine, njoo. Programu ikitaka kuazima maktaba, inaanza kutafuta wapi?"

"Nyumbani kwake kwanza. Kwenye folda yake mwenyewe. Ikikosa ndiyo inaenda ghala kuu." Irine aliinama kwenye skrini, akatoa mluzi mdogo. "Hii ni toleo la zamani! Hili si lile watengenezaji walilolifuta? Walituita semina Morogoro kutuambia tuliondoe."

"Lina ugonjwa gani?"

"Linakata namba. Usoni mwa hereni kuna namba fupi, ya ng'ombe, na kila kata inaanza kuhesabu upya, kwa hiyo zinajirudia. Ndani kuna ndefu, inaanza na ya kata halafu ndiyo ya ng'ombe. Hili la zamani likizidiwa linatupa mwanzo. Kata inapotea, na programu ikikosa kata inajaza kata ya kwanza kwenye orodha yake."

"Ambayo ni?"

Irine hakuhitaji kutazama. "Ruaha. Na huko namba fupi hizi hizi zimeandikwa kwa Evance."

Lori lilizidi kunguruma nje.

"Limezaliwa kwenye mashine hii Jumamosi asubuhi," Limi alisoma, "lakini mara ya mwisho kubadilishwa ni miaka mingi nyuma. Mtoto wa juzi mwenye ndevu. Maana yake halikutengenezwa hapa, lilinakiliwa kutoka mahali." Alisimama, akaenda dirishani. "Marko! Niletee ng'ombe mmoja wa mzee Kakuta hapa dirishani. Yeyote."

"Dirishani, afande?"

"Siwezi kutoka, wewe umenifungia. Basi yeye aje."

Marko alileta jike la madoa meusi, akalisukuma mpaka pua yake ikagusa nondo. Kakuta alisema naye neno moja kwa Kimaasai na jike likatulia. Limi aliipitisha fimbo ya kusomea katikati ya nondo, akaigusisha sikio. Programu ya mnada ikalia.

"Soma, mzee Evance. Kwa sauti."

Evance alisogea, kifua mbele. "Evance, Ruaha. Si nilisema?"

"Asante." Limi alifungua programu ya chanjo, ambayo folda yake haikuwa na mgeni na kwa hiyo iliazima ghala kuu kama kawaida. Fimbo ile ile. Sikio lile lile. Ikalia. "Soma tena."

Evance alisoma kimya.

"Kwa sauti, mzee. Tupo tusiosoma midomo."

"Meitamei, Kakuta," Irine alisoma badala yake. "Mvumi."

Kakuta alikaa chini kwenye sakafu ya saruji, taratibu, mkono wa pingu ukiwa juu. Nje, Marko alirudia maneno yale kwa waliosimama kulia, na makelele yaliyofuata yalitikisa bati.

Ditram alikuwa amesimama karibu na printa. Kola yake ilikuwa imebana tena, ingawa hakuna aliyemwona akifunga kifungo.

"Afande, ngoja nieleze," alisema. "Ni makosa ya kawaida tu. Jumamosi asubuhi niliwasha, programu ikagoma. Ikasema faili inakosekana. Sasa wewe unajua mafundi wetu wanavyofanya: faili ikikosekana unaichukua kwenye mashine nyingine, unaiweka, kazi inaendelea. Watu walikuwa wamepanga foleni na ng'ombe. Nikatoa kwenye flashi ya zamani. Sikujua ina ugonjwa. Hata Irine anafanya hivyo."

"Nafanya," Irine alikubali kwa aibu. "Kila fundi Kilosa anafanya."

Ulikuwa uongo mzuri, uliovaa nguo za kazi. Limi aliinamisha kichwa kukubali kama mtu aliyeridhika, akageuza skrini ili wote waione.

"Programu ilisema faili inakosekana."

"Ndiyo."

"Basi nionyeshe pengo. Toleo jipya hili hapa ghala kuu. Limewekwa mwaka jana, halijaguswa, halijafutwa, halijarudishwa. Limekaa hapa Alhamisi, Ijumaa na Jumamosi. Jumamosi hiyo hiyo programu ya chanjo iliazima hapa na haikulalamika. Hakuna kilichokosekana, Ditram. Programu yako haikuwa na njaa. Wewe ndiye uliyeilisha."

Ditram alitazama skrini, akatazama grili. Ufunguo ulikuwa kifuani mwa Marko, na Marko alikuwa nje na ng'ombe.

"Na ile semina ya Morogoro," Limi aliendelea bila kupandisha sauti, "ambayo Irine anasema mliitwa. Na wewe ulikuwepo?"

"Tulikaa meza moja," Irine alisema.

"Nilitumwa," Ditram alinong'ona.

"Funga mdomo!" Evance alisimama, kofia ikaanguka. "Mimi simjui huyu! Mimi nimeibiwa, nimeripoti, mashine imekosea, basi! Mzee achukue ng'ombe wake tuyamalize. Marko! Fungua nitoke!"

"Asifungue," Limi alisema.

Alikwenda kwenye meza, akapiga magoti, akafungua pingu ya Kakuta. Mzee alijisugua kifundo cha mkono, akaenda dirishani, akapitisha mkono katikati ya nondo na kumshika jike lake chini ya pembe. Kisha akageuka kumtazama Evance, bila hasira, kama mfugaji anavyomtazama mfugaji mwenzake jioni wanapohesabiana mifugo.

"Ng'ombe hawa ni wangu," Kakuta alisema. "Hilo limekwisha. Lakini wewe uliripoti namba hizi hizi Alhamisi, na huko Ruaha hereni zenye namba hizi ulipewa kweli. Aliyeibiwa kweli hatumi karani kudanganya mashine; sasa nani anazo masikioni? Ng'ombe wako wewe, Evance, wako wapi?"

Evance alitazama dirisha, likiwa limejaa ng'ombe. Akatazama grili. Kule nje dereva alizima lori, na kila mtu chumbani akabaki akimsubiri ajibu.